Kinu Kilichovuka Ukingo wa Meli

Siku habari ya kinu ilipofika, nyumbani kwetu walikuwepo hawa: mjomba Linusi, kaka wa marehemu mama, aliyekalia kiti pekee tulicho nacho, mkewe, aliyejibanza mlangoni, katekista Fokasi, aliyetusomea barua, mama Skola, jirani yetu, aliyekuja kuomba moto akasahau kwamba alikuja kuomba moto, wadogo zangu Leokadia na Kandido, na mimi Perpetua, niliyeacha shule darasa la tano baba alipofariki, na ambaye tangu mama naye atutoke ndiye baba na mama wa nyumba ile. Nawataja wote kwa sababu siku hizi kila mtu mpaka Mlali anasimulia safari yangu kana kwamba alikuwepo. Waliokuwepo ni hao. Na njiani nilikuwa peke yangu.

Barua ilitoka kwa Sista Adelina, aliyeendesha zahanati ya misheni na ambaye mama alimpikia miaka mingi. Alikuwa amerudi kwao Ulaya. Aliandika kwamba ametutumia kinu cha kusagia mahindi, kipya, kwa meli, hadi bandari ya Dar es Salaam. Injini tulikuwa nayo. Mapadre walipoifunga karakana yao ya useremala walimwachia mama ile injini ya dizeli, nayo ilikaa chini ya turubai, Kandido akiipaka mafuta kila Jumamosi.

Zamani kitu kama hicho kingeingia nchini kwa mkono wa shirika la umma, na shirika lingekipeleka linakokujua lenyewe. Lakini hii ilikuwa enzi ya ruksa. Kuuza ruksa, kuagiza ruksa, kupokea cha ng'ambo ruksa. Hata mimi, ruksa kwenda bandarini kuchukua changu. Hakuna aliyetwambia kwamba kwenye mlango wa hiyo ruksa wamekaa watu.

Mjomba alisikiliza barua hadi mwisho, kisha akasema, "Nyumba hii haina mwanamume."

"Ina Kandido," nikasema.

"Nimesema mwanamume. Sasa sikilizeni. Kinu kikisaga kabla mahindi mapya hayajaingia ghalani, mtakaa hapa kama mlivyo. Kisiposaga, Leokadia ataenda kwa mama yenu mdogo Kilosa, Kandido atakuja kwangu kuchunga mbuzi, na shamba la mama yenu litarudi mikononi mwa lukolo."

Lukolo ni ukoo wa upande wa mama, na kwetu milimani ardhi hupita huko. Msemaji wa lukolo letu ni yeye mjomba. Kwa hiyo aliposema mikono ya lukolo, alimaanisha mikono yake miwili.

Mama Skola akauliza, "Na hao mbuzi, Linusi, wanao hawawachungi kwa nini?"

"Wanangu wako shule."

"Na Kandido yuko wapi? Jela?"

Kandido akacheka, mjomba hakucheka. Alinigeukia mimi na kunipa wosia mmoja tu wa safari: "Ukikikuta kibovu, usikiguse."

Ninyi mnajua alichomaanisha, lakini nasikia hii itasomwa na wengine, basi nieleze. Kwetu gari halifiki. Kila kizito hupanda kwa mabega ya watu. Wanaotoka chini huleta mzigo hadi kijito kilicho katikati ya njia, na wanaotoka juu hushuka kuupokea pale. Anayepokea huuangalia kwanza. Akiridhika huuwekea kiganja, na kuanzia hapo ni wake, hata ukitumbukia majini hatua inayofuata. Asipouwekea kiganja, mzigo bado ni wa aliyeuleta, hata kama ameuacha chini na kuondoka. Watu wamekosana ukoo kwa ukoo kwa sababu ya kiganja kilichowekwa kwa pupa.

Kutoka Mlali hadi dukani kwa Rajabali

Nilishuka Mlali kwa miguu, na kutoka Mlali nikapanda lori la kabichi. Dereva alitukalisha juu ya mzigo, akatuonya tusiketi vibaya tukaharibu kabichi. Kuhusu sisi kuharibika hakusema kitu. Tulisimama Mzumbe kubadilisha tairi, na wasomi wa chuo wakapita wakitutazama jinsi unavyotazama mbuzi waliopakiwa. Mmoja akauliza, "Kabichi bei gani?" Nikamwambia mimi siuzwi.

Mjini Morogoro nilikwenda moja kwa moja kwa Bwana Rajabali, mwenye duka la vifaa vya chuma, ambaye mama alinunua kwake majembe na misumari. Alikuwa na simu, na alikuwa anajua mtu wa bandarini.

"Shikamoo, Bwana Rajabali."

"Marahaba, marahaba. Wewe mtoto wa yule mama wa misheni. Mama hajambo?"

"Mama alifariki, masika yaliyopita."

Alikuwa anapima misumari. Akaacha mizani inayumba mpaka ikatulia yenyewe. "Pole sana," akasema. "Alikuwa anachagua jembe kwa kuligonga na kusikiliza. Nilikuwa namwambia, mama, hili si ngoma." Kisha akaniletea kiti na chai ya maziwa, tamu mno, na kachori.

Alipiga simu Dar es Salaam akapata jina la wakala wa kutoa mizigo, kijana aitwaye Hemedi. Akanieleza mambo ya bandari kwa dakika nyingi kuliko nilizotaka kusikiliza. Meli inashusha shehena. Karani wa tali anahesabu sanduku kwa sanduku. Mzigo ukilala bandarini kupita siku za bure, inaanza dimareji, yaani adhabu ya kulala. "Na jambo moja la maana zaidi," akasema. "Watakupa hati ya kupokea. Kama sanduku limeumia, andika palepale juu ya hati: limeumia. Hati isiyoandikwa kasoro wanaiita hati safi. Ukiwapa hati safi, binti yangu, umekwisha."

Niliitikia "ndiyo" kwa adabu. Moyoni nilisema: huyu mzee maisha yake yote ni karatasi, anadhani na sisi wengine tunaishi humo. Kuandika si kazi ngumu. Kazi ngumu ni kukipandisha kinu mlimani.

Ngerengere, treni ilipokataa

Treni ya kwenda Dar es Salaam iliondoka Morogoro kwa kuchelewa kidogo, ikafika Ngerengere, na hapo ikasimama. Mbele yetu treni ya mizigo ilikuwa imeacha reli. Mkuu wa kituo alitoka, akatutangazia kwamba tutaondoka "baadaye", akaingia ndani na kufunga mlango kama mtu aliyemaliza kazi ya siku.

Jua la Ngerengere si la kwetu. Watu walishuka, wakajilaza kwenye kivuli cha mabehewa. Wanawake wakaleta machungwa, mayai ya kuchemsha na mihogo ya kukaanga yenye pilipili, na kila tulivyozidi kukwama ndivyo mayai yalivyozidi kuwa madogo.

Kwenye behewa letu alikuwamo baharia. Hivyo ndivyo alivyojitambulisha kabla hajasema jina. Jina lake lilikuwa Kosmasi, mzaliwa wa Matombo, Mluguru kama mimi. Alikuwa amezunguka dunia kwenye meli za mizigo, na dunia ilikuwa imemharibu mdomo. Hakusema mbele ya treni, alisema omo. Nyuma ya treni ikawa tezi. Choo kilikuwa tezi, upande wa poti.

"Poti ndiyo nini?" akauliza mama mmoja aliyekuwa na mtoto mgongoni.

"Kushoto, mama. Ukielekea omo. Kulia ni stabodi."

"Na nikielekea huko tezi, kushoto kwangu si kunageuka?"

"Hakugeuki. Poti ni ya chombo, si ya mtu."

"Basi chombo kiende chooni chenyewe," akasema yule mama. Behewa zima likacheka, akaenda zake.

Nilimwuliza Kosmasi alifanya kazi gani melini. Akajibu kwa kuzunguka: aliwahi kukaa karibu na daraja la nahodha, aliwahi kuona ngama, yaani tumbo la meli ambamo shehena hupangwa, ikiwa imejaa chuma kitupu. Nikamwuliza tena. Mwishowe akakiri kwamba alikuwa anamenya viazi.

Lakini jambo moja alilosema sikulicheka. Nilimweleza habari ya kinu, akaniambia, "Ujue sheria ya ukingo. Meli ina ukingo pembeni, huu hapa, kama kifuani. Mzigo ukiinuliwa na winchi ukavuka ukingo, hatari yake imebadilisha mwenyewe. Kabla ya ukingo ni ya aliyeuleta, baada ya ukingo ni ya anayeupokea. Ukianguka, wanauliza kwanza: ulianguka upande gani?"

"Hata ukiwa bado unaning'inia?"

"Hata ukiwa bado unaning'inia."

Nikaona watu wa bahari angalau wana kitu kinachofanana na kijito chetu. Nikawadharau kidogo zaidi. Sisi angalau tunangoja mtu aweke mkono. Wao hatari inapita hewani juu ya kichwa cha mwenyewe aliye mbali, anayelima karoti, asiyejua kama kuna kitu chake kinaning'inia.

Treni iliondoka jua likiwa limeanza kupoa. Mkuu wa kituo akatoka kutupungia mkono, kana kwamba ndiye aliyeisukuma.

Bandarini, kati ya maneno

Ofisi ya Hemedi ilikuwa na kibao kikubwa kuliko mlango wake. Enzi ile kila mwenye tai alikuwa amefungua ofisi ya kutoa mizigo. Kiti kilikuwa kimoja, naye alikikalia. Nilimkuta anazungumza na wenzake wawili waliosimama, na maneno yao nusu sikuyajua: manifesti, bili ofu ledi, geti pasi. Nikamwambia nimekuja kuchukua kinu.

"Konsainii ni wewe?"

"Mimi ni Perpetua."

Wenzake wakacheka. "Konsainii ni mpokeaji, dada," akasema Hemedi. "Sasa, mzigo wako ni luzi kago au uko kwenye kasha?"

"Ni kinu."

"Tunajua ni kinu. Umekujaje?"

"Kwa treni."

Wakacheka tena. Niliwaacha wacheke. Kwa muda niliokaa pale niliona hivi: kijana akikosa jibu, hutoa neno. Nilipouliza kwa nini mzigo haujatoka tangu juma lililopita, akanijibu "riliizi". Nilipouliza riliizi iko wapi, akanijibu "manifesti". Nilipouliza nani anayo manifesti, akatazama saa akasema ni wakati wa chakula. Ningekuwa nimekaa darasani hadi mwisho labda ningeyaogopa maneno yale. Nilikaa chini sakafuni, nikaegemea mlango wake, nikamwambia sitoki hapa mpaka mmoja wa hao aliowataja aje.

Nilikaa hapo siku hiyo na siku ya pili. Mama ntilie wa mtaa ule alinihurumia, akawa ananiletea ubwabwa na maharage, akimwambia Hemedi kwa sauti, "Mtoe mtoto wa watu, anakuzibia wateja." Na kweli kila mteja aliyekuja ilibidi aniruke. Siku ya tatu Hemedi alichoka kuona wateja wakiniruka, akavaa tai yake vizuri akasema, "Twende."

Ndani ya bandari sikuona bahari hata kidogo. Niliona ubavu wa meli uliosimama gatini kama ukuta wa kanisa, na vumbi, na makuli wenye magunia mabegani wakiingia bohari moja na kutoka nyingine. Ndani ya bohari ya shehena karani wa tali alitupeleka hadi kona. Sanduku la mbao lilikuwa pale, jina langu limeandikwa kwa rangi nyeusi, herufi kubwa, sawasawa kabisa. Niliona fahari. Kisha nikazunguka upande wa pili. Kona moja ilikuwa imepondeka, mbao zimefumuka, na ndani nikaona chuma chenye ufa mweupe, mpya.

"Kimeanguka," nikasema.

"Mkanda wa winchi uliteleza," akasema karani. "Hutokea."

"Kilianguka upande gani wa ukingo?"

Karani alimtazama Hemedi. Hemedi alinitazama mimi kwa mara ya kwanza kama mtu. "Nani kakwambia habari ya ukingo?"

"Upande gani?"

"Kilishavuka," akasema karani. "Kilikuwa kinateremka gatini."

Nikarudi nyuma hatua, nikaficha mikono kwenye kanga. Nilikumbuka wosia wa mjomba. Nilisema kwa sauti ili karani asikie, na Hemedi, na makuli waliosimama karibu: "Mimi hiki sikigusi."

"Hakuna anayekulazimisha ukiguse," akasema Hemedi. "Makuli watakibeba. Wewe tia sahihi hapa, tutoke na joto hili."

Nikatia sahihi.

Najua mnachotaka kusema. Mama Skola ameshasema. Lakini fikirini mlivyolelewa. Sahihi tunatia kila siku: kwenye ushirika, zahanati, kwa mtendaji wa kijiji. Karatasi ikija mbele yako unaandika jina ili mwenye karatasi aondoke. Haijawahi kutupa kitu wala kutunyang'anya, zaidi ya muda. Mkono ndio unaopokea. Mimi nilisimama pale na viganja vyangu safi ndani ya kanga, nikiona nimewashinda, nikingoja waseme watanitengenezea au watampigia simu Sista alete kingine.

Karani aliipiga hati muhuri, akaikunja, akaiweka mfukoni. Nikamwambia, "Sasa fanyeni mnachofanya. Mzigo bado ni wenu."

"Dada," akasema Hemedi, polepole, bila kicheko safari hii. "Umempa hati safi. Hukuandika kasoro yoyote. Umepokea mzigo mzima."

"Sijaugusa!"

"Kuugusa kuna maana gani?"

 Ningemweleza kijito? Wale makuli walikuwa wameshakibeba kinu kwenye toroli. Niliita, nikarudi kwa karani, nikamwomba hati niandike ufa. Akasema imeshapigwa muhuri. Aliusema ukweli: muhuri ulikuwa umekauka. Bwana Rajabali aliniambia yote haya akiwa ananikaribisha kachori, na mimi nilikuwa nahesabu kachori zilizobaki sahanini.

Kurudi na chuma chenye ufa

Kinu kilirudi kwa treni ya mizigo, na mimi kwa treni ya watu. Kwa kuwa ni Tanzania, mimi nilikitangulia. Nilikaa Morogoro nikikingoja, nikilala kwa binamu ya mama Skola huko Kichangani, nikisikia kila asubuhi kwamba treni ya mizigo "inaelekea".

Kilipofika, Bwana Rajabali alikuja stesheni mwenyewe. Alizunguka sanduku. Hakusema "nilikwambia". Kutosema kwake kuliniuma kuliko kusemwa. Alisema tu, "Hati?"

"Safi."

"Basi tumpate fundi."

Fundi alikuwa na karakana nyuma ya soko. Alikipasua kile kilichobaki cha sanduku, akalamba kidole, akapitisha kwenye ufa. Ufa ulikuwa kwenye mguu wa kinu, si kwenye tumbo linalosaga. Chuma cha kumimina, akasema, ukikiunguza kwa kuchomelea kitapasuka zaidi. Alipiga mabamba ya chuma kinene ndani na nje ya mguu, akatoboa na kuyafunga kwa bolti, hivi kwamba kinu kilionekana kama mtu mwenye soksi ya bati. Nilimwuliza malipo. Alitazama mbao za sanduku zile, nyeupe, zisizo na fundo, za miti ya Ulaya.

"Niachie hizi."

Nikamwachia. Kwa hiyo kinu kilitoka mjini uchi, na jina langu lililoandikwa sawasawa likabaki Morogoro kuwa kabati la mtu.

Bwana Rajabali alituma habari juu kwa dereva wa lori la kabichi: Perpetua anakuja, washuke wabebaji. Kinu kilifika Mlali kwa lori lilelile, na vijana wa Mlali wakakifikisha kijitoni.

Kijitoni

Wabebaji walishuka. Vijana wa kwetu na wanaume wazima, pamoja na katekista Fokasi, walikuwa wamekata miti miwili mirefu ya kubebea na kamba za mkonge. Mama Skola alishuka bila kuitwa. Mjomba Linusi alishuka kwa sababu mpokeaji ilibidi awe mtu wa juu, wa lukolo, na mimi nilikuwa mleta mzigo. Huwezi kuleta na kupokea mwenyewe.

Mjomba alikizunguka kinu. Akaona bamba.

"Hiki si kipya."

"Kilikuwa kipya kilipotoka Ulaya," nikasema. "Kilianguka bandarini."

"Nilikwambia usikiguse."

"Sikukigusa."

"Kimekuwaje chako basi?"

Nikawaeleza mbele ya wote, habari ya hati, sahihi na muhuri. Hakuna aliyecheka mwanzoni. Walikuwa wanajaribu kuelewa jinsi kitu kinavyoweza kuwa cha mtu aliyesimama mbali nacho, mikono kwenye kanga. Kisha mama Skola akasema, "Kumbe pwani wanapokea kwa kalamu," na hapo wakacheka, na mimi nikawaacha, kwa kuwa nilistahili.

Mjomba hakucheka. Alisimama na mikono nyuma. "Niliagiza kinu kinachosaga," akasema. "Hiki ni kiraka. Sikiwekei mkono."

Maji ya kijito yakapita. Wabebaji wakatazamana. Leokadia alikuwa amesimama ng'ambo na Kandido, na nikaona amemshika mdogo wake bega, kwa nguvu, kama wameshafika Kilosa.

Nikasema, "Mjomba, mguu umefungwa. Tumbo la kinu ni zima. Kitasaga. Kisiposaga, watoto hawa utawachukua mwenyewe na mimi nitakufungia mizigo yao. Lakini kama hukiwekei mkono hapa, nitakaa hapa nacho. Nilikaa mlangoni kwa mwenye tai siku tatu. Hapa kuna maji na kivuli."

"Unanitisha?"

"Nakueleza."

Fokasi akakohoa. "Linusi," akasema kwa upole, "tumekata miti. Tukirudi juu na miti mitupu, watu watauliza nani amekufa."

Hilo lilikuwa kweli, na kila mtu alilijua. Wabebaji wa kwetu hurudi na miti mitupu pale tu wanapomfuata mgonjwa wakamkuta ameshazikwa. Miti mitupu ikipita kijijini wanawake huanza kulia kabla ya kuuliza. Na wangelia kwa ajili ya lukolo lake.

Mjomba akasonya. Akainama, akaweka kiganja chake juu ya lile bamba, si juu ya chuma cha kinu chenyewe, na akakiondoa haraka kama amegusa jiko. Halafu, ili mtu asiseme amelazimishwa, akaenda kushika mti wa mbele, mahali pazito kuliko pote, akawafokea wengine kwamba wanachelewa. Mlima mzima sikumsikia akiomba kupumzika. Mimi nilibeba mikanda na gurudumu kichwani, nikimwona mbele yangu, shingo imemvimba, hataki kugeuka.

Kinu kilisaga. Mguu wenye soksi hutetemeka na kulia kidogo mahindi yakiwa mabichi, lakini kinasaga. Mahindi mapya yalipoingia ghalani, wanawake walikuwa wameacha kubeba madebe hadi Mlali. Leokadia hakwenda Kilosa. Kandido yuko shule, na ndiye anayewasha injini, na amekuwa na maringo yasiyovumilika. Mke wa mjomba huleta debe lake la mahindi kama wengine, husalimia, husubiri zamu.

Limebaki la wabebaji. Kwetu kubebewa hulipwa kwa kubeba. Kwa kila bega lililopandisha kinu nadaiwa bega. Nimekwisha kupandisha mabati ya mmoja, na saruji ya mwingine. Mama yake Fokasi alipougua tulimshusha Mlali kwa machela, na mimi nikashika mti tangu mwanzo hadi mwisho. Karibu wote wamekwisha kusema, "Yameisha, Perpetua."

Mjomba Linusi hajasema. Kila nikimwuliza nimbebee nini, anajibu, "Bado." Najua anachofanya. Maadamu ananidai bega, ndiye mwenye neno kwangu. Akija anakaa kwenye kile kiti, anauliza shamba limelimwa vipi, anaangalia mahindi ya watu, na mimi sina la kumwambia, kwa sababu alishika mti wa mbele.

Juma lililopita nilimkuta njiani anapandisha gunia la chumvi ya mbuzi wake, jasho linamtiririka mpaka kwenye ndevu. Nikatega kichwa.

"Shikamoo, mjomba. Nipe."

"Marahaba. Hili si zito," akasema, akihema. "Bado."

Sikubishana. Nikamfuata nyuma hadi mlangoni kwake, mikono mitupu, nikiwasalimia wote tuliokutana nao, ili kila mmoja aone nani anayetaka kulipa na nani anayekataa. Kesho anashuka tena Mlali. Nitashuka naye.